Somo la Omena

Nililipa kwa simu: watu wanne, watoto nusu bei,
darasa la upishi, saa nne hadi saa saba,
nyuma ya nyumba ya wageni, Milimani, Kisumu.
Tukavikwa aproni. Ya Lubango ilimfika vidoleni,
akawa anatembea kama padri mdogo
anayetafuta altare kati ya majiko.

Mwalimu wetu, Bi Penina Awuor,
hakuanza na salamu. Alianza na kucha.
"Wewe, kanawe. Na wewe. Na wewe, baba watoto,
vua hiyo saa, hapa hatupiki kwa saa."

Kisha akafungua gunia dogo juu ya ungo,
vikamiminika vitu vikavu, vyepesi, vya fedha,
kwa mlio wa mvua ya mbali juu ya mabati.

"Dagaa!" Minza akapiga kelele.
"Omena," akasema Bi Penina.
"Dagaa."
"Omena, mama. Akishavuka Sirari huyu hubadili jina,
kama bibi harusi."

Lubango akanivuta mkono:
"Baba, tumekaa kwenye basi siku nzima,
tumegongewa mihuri,
tumekuja nchi ya watu
kupika dagaa?"

Mke wangu alicheka hadi akashika meza.

Kwetu Mwanza dagaa hawapiti mlangoni.
Niliweka sheria hiyo mwaka nilioajiriwa benki.
Sato, sawa. Sangara, siku za wageni.
Dagaa ni chakula cha kuku, nilitangaza,
na nyumba nzima ikaamini.
Sikuwasimulia mchanga wa Kirumba,
mama akianika kabla jua halijapata nguvu,
mimi nikifukuza kunguru, sare ya shule mwilini,
wala jinsi dawati langu darasani
lilivyokuwa na nafasi ya mtu wa pili
mwaka mzima.

"Sasa tuwachambue," mwalimu akaamuru.
"Mchanga wa ziwa hauna adabu, huingia hadi kwenye jino."

Mikono yangu ikatangulia, mimi nikaifuata.
Peta. Puliza. Kung'uta kwa kiganja, ungo ukiinama kidogo,
changarawe zikajikusanya pembeni zenyewe.
Maji ya moto mara moja, upesi, mwaga.
Kaanga wakauke kwanza, ndipo kitunguu,
ndipo nyanya, na usikoroge koroge, watavunjika,
wape sufuria mtikiso tu, hivi.
Nikashtuka: hayo yote nimeyasema kwa sauti.

Kijiko cha Minza kilikuwa hewani.
Bi Penina alinitazama, mkono kiunoni.
"Baba hawa, pesa zako umezitupa."

"Mama yangu," nikasema, nikaishia hapo.
Vitunguu vya Kisumu ni vikali mno.

Hakuniuliza. Alichukua kibuyu, akamimina maziwa ya mgando
juu ya mchuzi, ukageuka rangi ya udongo wa kichuguu.
"Huku kwetu ndivyo tunavyomalizia."
Minza, ambaye hajui kunyamaza, akauliza,
"Na bibi alitia maziwa?"

"Bibi alitia maji.
Tukiongezeka watu, alitia maji tena."

Tulikula kwa ugali wa mtama, tukiwa kimya.
Lubango alimega tonge lililozidi kinywa chake,
akarudia, akarudia tena, akalamba hadi kiwiko,
kisha akauliza kama kuku wa kwetu
hula hivi kila siku.

Vyeti vilitolewa mlangoni.
Cha Lubango kimeandikwa Lubanga. Analalamika hadi sasa.
Changu nilikikunja mara nne kwa vidole vyenye mafuta.
Usiku, tukifunga mizigo, mke wangu alikinusa:
"Ukiweka humu, nguo zote zitanuka dagaa."
"Omena," Lubango akamsahihisha kutoka kitandani,
macho yamefumba.

Nilikilaza juu ya mashati ya kazini,
nikavuta zipu.